Msafiri Niliyemfanya Shahidi Wangu

Assalaam alaykum, wazazi wenzangu, na shikamooni nyote mlionizidi umri. Mwenyekiti wa kikao hiki amenitaka nieleze yaliyonipata, bila kumtaja mtu kwa jina. Sitamtaja mtu. Wa kulaumiwa ni mimi peke yangu, na mimi mnanijua. Ndiye yule anayewatembeza wageni kule Kilwa Kisiwani, kwenye magofu.

Kazi hiyo nimeifanya tangu ujana wangu, na chakula changu kimetoka kwenye hadithi moja. Karne nyingi zilizopita alifika Kilwa msafiri mashuhuri kutoka Maghreb, mtu aliyezunguka nusu ya dunia, akapokewa na Sultani wetu. Safari zake ziliandikwa kitabu. Ndani yake imo habari ya fakiri mmoja kutoka Yemen aliyemsimamisha Sultani njiani, akamwomba nguo alizovaa. Sultani akaingia ndani, akazivua, akampa. Wageni walikuwa wanaipenda sana habari hiyo. Nami nilikuwa naisimulia kifua mbele, kama kwamba nguo zile nilizivua mimi.

Hadithi haiishii hapo, ndugu zangu. Mtoto wa Sultani alizitaka zile nguo zirudi, akampa yule fakiri watumwa kumi badala yake. Sultani alipoona watu wanamsifu, akamwongezea watumwa kumi wengine, na mizigo miwili ya pembe za ndovu. Kipande hicho wageni sikuwasimulia. Nilikiweka kwa matumizi mengine.

Nilikuwa na binti mmoja tu. Akampenda kijana wa milimani, huko kwa Wamatumbi, fundi wa pikipiki pale Kilwa Masoko, ng'ambo ya kisiwa chetu. Kijana mpole, Mwislamu mwenzetu, anaswali. Sikuwa na kisingizio cha dini. Baba yake akavuka maji kuja kwangu kuleta posa, akiwa na ndugu zake wawili na dumu la asali. Nikawakalisha barazani. Nikawaita majirani waje wasikie. Sikuwa na kitabu chenyewe, nilikuwa na karatasi chache tu zilizonakiliwa humo, nilizopewa na mgeni mmoja niliyemtembeza, nikazishika mkononi kama mtu anayetoa fatwa.

Nikamwambia yule mzee, "Yule msafiri wetu aliandika kwamba watu wenu ishirini walitolewa hapa kwa ajili ya suti moja ya nguo. Wewe leo umekuja na dumu la asali. Unadhani binti yangu ni wa bei hiyo?"

Majirani walicheka. Si wote, lakini walicheka wa kutosha. Yule mzee alisimama, akasema, "Asanteni kwa kutupokea," akashuka ngazi. Dumu akaliacha. Nikaamuru limwagwe.

Binti yangu alimfuata yule kijana. Kadhi akawaozesha baada ya mimi kuitwa mara tatu na kukataa kwenda. Nilipopata habari nilitandika majamvi nje ya nyumba, nikatangaza kwamba mwanangu amefariki. Nikamwita sheikh asome khitma. Sheikh akaniambia, "Mimi sisomei mtu aliye hai. Muogope Mungu." Nikakaa matanga mwenyewe siku tatu. Wapo majirani waliokuja kunipa pole, kwa kunionea haya tu. Mke wangu alikuwa ndani analia, na mimi nikimkataza asilie kwa sauti, kwa sababu, nilimwambia, marehemu hakuwa na thamani hiyo.

Nawaambia haya jinsi yalivyokuwa. Nikiyapunguza, hamtapata faida.

Ikapita miaka miwili. Asubuhi moja nilikuwa na wageni kumi hivi mbele ya msikiti mkuu, niko katikati ya habari ya Sultani na fakiri. Nikamwona mkwe wangu anakuja mbio kutoka gati, viatu mkononi. Akasimama pembeni, akasubiri nipumue, akasema, "Shikamoo, baba."

Sikuitikia.

Akasema, "Baba, mwenzangu ametangulia mbele ya haki. Amejifungua salama jana, mtoto wa kike, lakini damu ilikataa kusimama. Tunazika leo alasiri. Nimekuja mwenyewe kukuchukua wewe na mama."

Nikamjibu, na wale wageni wako pale hawaelewi kitu, "Huyo nilishamzika. Mtu hazikwi mara mbili."

Alinitazama kama anayesubiri nicheke nimwambie ni utani. Halafu akaenda zake. Mimi nikawageukia wageni, nikaendelea pale nilipoachia, nikaimaliza hadithi ya ukarimu mpaka mwisho. Mmoja wao akanipigia makofi.

Mke wangu siku hiyo alikuwa kwa dada yake, kijiji cha Pande. Sikumwambia. Alirudi jioni, akanipakulia chakula, nikala. Alikuja kuambiwa siku ya tatu, sokoni, na muuza mbaazi aliyempa mkono wa pole. Alirudi nyumbani na kikapu kitupu. Akaniuliza, "Ulijua?" Nikasema nilijua. Hakupiga kelele. Alifunga nguo zake kwenye kanga mbili, akaenda milimani kumlea mjukuu. Mlangoni akasema, "Umeninyima hata uso wa mwanangu."

Hapo ndipo nilipoanza kuanguka, ingawa kwa macho ya watu nilikuwa nimesimama. Kisiwani tunajuana wote. Nilikuwa nikitoa salamu naitikiwa, kwa sababu kuitikia ni wajibu, lakini hakuna aliyesimama. Nilishikwa na homa siku nne, sikusikia hodi. Nilijikokota kisimani mwenyewe, nikaanguka na ndoo, na wanawake waliokuwepo wakaninyanyua bila kunisemesha, wakaendelea na mazungumzo yao. Presha ikapanda. Kazini nikawa nasahau maneno niliyoyasema nusu ya maisha yangu. Nafika kwenye fakiri, nanyamaza. Kuna mgeni aliyeuliza kama naumwa.

Nilikaa hivyo miaka minne. Kuomba radhi nilitaka, lakini kila nikipanga maneno nilikuta bado najitetea.

Ndipo akaja mwanamke mmoja, mwalimu wa chuo, Mtanzania mwenzetu. Alikuwa anaifuata njia ya yule msafiri, bandari kwa bandari. Alishapita Mombasa, sasa amefika kwetu. Kila mahali alikuwa na swali moja: hili aliliona kwa macho yake, au aliambiwa? Alinichukua nimtembeze. Nilipoanza kusimulia alinisikiliza kwa adabu, kisha akatoa kitabu chenyewe, kizima.

"Mzee, hapa kwenu alikaa kidogo tu," akaniambia. "Alikuwa mgeni wa mkubwa. Alikula kwa mkubwa, akasikia ya mkubwa. Na aliyasimulia haya miaka mingi baadaye, mwingine ndiye akaandika. Mimi simwiti mwongo. Nauliza tu nani hakuulizwa."

Nikamwambia, "Lakini wale watumwa wa milimani wameandikwa."

"Wa milimani wapi?" Akanifungulia ukurasa, akanisomea taratibu, akinitafsiria. Wamo watumwa ishirini. Kijiji hakimo, kabila halimo, mlima haumo. "Hilo la Wamatumbi umelitoa wapi?"

Nililitoa kwa baba yangu, naye kwa babu. Maneno yale niliyomwambia yule mzee barazani hayakuwa ya msafiri. Yalikuwa yetu. Nilimchukua marehemu wa watu, wa karne zile, nikamfanya shahidi wa chuki yangu.

Halafu mwalimu akasema neno jingine, wala hakulisema kwa ubaya. "Waliochukuliwa zamani zile, si wote waliovushwa bahari. Wengine walibaki hapa hapa pwani, wakazaa. Wajukuu wao wako wapi leo?" Nikaitazama mikono yangu.

Akaniambia anataka kwenda milimani, akasikie upande wa pili. Je, namjua mtu huko? Nikasema ninao jamaa. Ndugu zangu, sikujua kama natafuta msamaha au natafuta kupigwa. Nilijua tu kwamba peke yangu nisingekwenda.

Tulifika mchana. Mke wangu alikuwa uani anapepeta ufuta. Aliponiona aliweka ungo chini, akaingia ndani. Yule mzee wa asali akatoka, akanitambua, akatukaribisha kwa heshima zote, viti, maji ya kunawa. Kitoto cha kike cha miaka minne kikaja kunitazama, macho ya mama yake yale yale, kikamuuliza yule mzee, "Babu, huyu nani?"

Akasema, "Ni mgeni. Mletee maji."

Mwalimu hakujua lolote. Akafungua daftari, akaeleza kazi yake, akaniambia, "Mzee, tusimulie ile habari ya Sultani, kisha wenyeji wetu watueleze ya kwao." Nikasimulia. Safari hii sikuwa na pa kukwepea, ilibidi niwataje wale watumwa kumi, na wale kumi wengine, mbele ya watu ambao niliwaambia ni wao. Hakuna aliyecheka.

Yule mzee akaniuliza, "Umemaliza?"

"Nimemaliza."

"Basi na mimi nina yangu. Si ya zamani." Akaelekeza kidole kwenye mlango wa chumba. "Mwanao alikuwa mle. Damu inatoka, gari hatulipati, njia imeharibika kwa mvua. Akasema aitiwe baba yake. Akasema tena. Sisi hatukuwa na la kumwambia. Mke wangu akamwambia, yuko njiani. Kila alipouliza tukamwambia, yuko njiani, ameshavuka, ameshapanda gari. Alikufa anajua unakuja." Akaushusha mkono. "Sisi watu wa suti moja, tulikusemea uongo ili mwanao afe vizuri."

Mwalimu alifunga daftari lake. Mimi nilianguka chini. Nikamshika yule mzee nguo, nikamwomba anisamehe. Nilikuwa na maneno mengi niliyoyapanga miaka minne, likatoka hilo moja.

Akanijibu, "Nitakusamehe nikichoka. Leo sijachoka. Inuka, nikuoneshe kaburi."

Hakuna aliyewahi kunitendea haki kama yeye siku ile. Angenisamehe pale pale ningerudi nyumbani, nikalala, nikasahau.

Niliomba kubaki. Mwalimu akaondoka siku ya pili na daftari lake, mimi nikapewa jembe. Nililima ufuta nikiwa mgeni, nikala nikiwa mgeni, nikalala chumba cha ghala. Mkwe wangu, yule kijana, ndiye aliyekuwa wa kwanza kunisemesha. Alipita asubuhi akaniambia, "Shikamoo, baba." Nikaitikia marahaba, nikalia mbele ya kuku. Mke wangu ilimchukua mwaka mzima, na neno lake la kwanza lilikuwa kunikosoa nilivyokuwa nafunga mafungu ya ufuta. Nilishukuru. Nilikuwa nakuja kazini Kisiwani, nikipata nafasi napanda tena milimani. Msimu wa tatu tulikuwa tunakung'uta ufuta, mimi na yule mzee, akasimama kufuta jasho, akasema bila kunitazama, "Bwana mkwe, nimechoka." Nikadhani ni kazi. Nikamwambia apumzike. Akasema, "Sio hiyo."

Mke wangu hajarudi nyumbani kwangu, na sidhani kama atarudi. Tunazungumza, inatosha. Wageni nawapeleka bado, na habari ya Sultani nawasimulia yote, na wale watumwa ishirini, na kwamba majina yao hakuna aliyeyauliza. Wapo wanaonuna. Walikuja kupiga picha.

Namshukuru yule mwalimu aliyeuliza. Namshukuru sheikh aliyenikatalia khitma. Namshukuru mkwe mwenzangu na mke wake, waliobeba uongo ule kwa ajili yangu, Mungu awape wepesi wanaostahili. Mkwe wangu, yule kijana, namuombea mke mwema. Nimeshamwambia asimkatae mtu kwa ajili ya kumwogopa baba mkwe wa zamani.

Funzo langu ni dogo, wazazi wenzangu. Wengi wenu humu mna mtoto mliyemnyamazia, kwa sababu ya kabila, au ukoo, au maneno ya babu ambayo hakuna aliyeyakagua. Mwezi uliopita niliipiga namba ya binti yangu. Sikuwahi kuifuta. Ikaita, ikapokewa na mwanamke mmoja nisiyemjua. Kumbe namba ilishapewa mtu mwingine. Akaniuliza, "Nani mwenzangu?" Nikamwambia nimekosea namba. Akasema hakuna neno, baba, akakata.

Ninyi ambao mkipiga atapokea mwenyewe, tokeni nje mkapige. Mimi nitakaa. Kikao kitawasubiri.