Majina Kumi na Moja Katika Daftari la Kazi

Bwana apewe sifa, ndugu zangu! Mbona mnaitika kama watu wenye homa? Bwana apewe sifa!

Mimi ni Mama Ngoie, mnaniona kwenye kwaya kila Jumapili. Leo nasema jambo nililolinyamazia muda mrefu, kwa sababu linaniaibisha.

Miaka ile ya kufukuzana, migodi ilipokuwa inakufa hapa Kolwezi, nilikuwa karani katika ofisi ya Serikali. Nilishika daftari la mahudhurio. Na nilitaka cheo, ndugu zangu, nilikitaka kupita kiasi! Jina langu lilikuwa limependekezwa: chef de bureau, mkuu wa ofisi, mwanamke wa kwanza pale. Hata kutembea nilikuwa nimeanza kutembea kama chef.

Basi wenzetu wenye asili ya mkoa wa Kasai wakatolewa kwa nguvu nyumbani mwao. Kumi na mmoja wa ofisi yetu wakakimbilia gare kungoja treni. Mkurugenzi akaniamuru niandike mbele ya majina yao: "Ameacha kazi." Anayeacha kazi kwa hiari yake hupoteza miaka yote ya utumishi wake; aliyetolewa kwa nguvu haipotezi. Nilijua hayo. Nikaandika, tena kwa mwandiko mzuri.

Siku ya nne nikapeleka bukari, ugali wetu, kule gare. Nikamkuta mzee wetu Tata Mbuyi, mmoja wa wale kumi na mmoja, aliyenifundisha kazi, ameketi na wanawe juu ya godoro lililokunjwa. Hakuniuliza habari za nyumba yake.

"Mama Ngoie, mu daftari muliniandika namna gani?"

"Bado siyaandika kitu, Tata."

Nilidanganya, na bakuli la bukari mkononi! Naye akanishukuru, akaniombea baraka. Ndugu zangu, baraka ile ilinichoma! Nililia njia nzima mpaka ofisini, na hapo Bwana akanishika. Nikalipiga mstari lile neno kwenye jina lake, nikaandika kwa wino mwekundu: "Amefukuzwa." Nikatia sahihi yangu.

Kufutafuta daftari la Serikali ni kosa. Wakanifungulia dossier, faili la nidhamu, na mwenye dossier hapandi cheo mpaka ihukumiwe. Wenzangu wakapanda, jina langu likawekwa kando. Mkurugenzi akaniita.

"Mama, andika tu ulikuwa na malaria, ukakosea. Rudisha neno ya kwanza. Dossier itafungwa leo, na grade utaipata."

"Malaria siko nayo, Directeur. Uongo njo niliandika, na ni ile ya kwanza."

Msidhani nilikuwa jasiri, nilimwogopa sana! Lakini nilipotoka mlangoni sikumwogopa tena mtu yule. Miezi ikapita, akina mama wa kanisa wakiomba pamoja nami, mpaka tume ikatoka Lubumbashi kuja kunihukumu.

"Nani alikuamuru kubadilisha neno hili?" wakaniuliza.

"Hakuna, Tata. Lile la kwanza ndilo nililoamriwa."

Mkurugenzi, aliyeketi pale pale, akaanza kutafuta miwani yake, nayo ilikuwa usoni! Nikapewa karipio la maandishi kwa kuharibu ukurasa, na nilistahili. Kwa kuwa adhabu ilikuwa ndogo, sheria ikanipa cheo changu, kikihesabiwa tangu siku wenzangu walipopanda. Haleluya!

Nikainuka niende. Mkubwa wa tume akageuza daftari upande wangu.

"Na bale kumi bengine, Mama? Bo baliacha kazi?"

Ndugu zangu! Miezi yote ile nilijiona shujaa kwa sababu ya jina moja, la rafiki yangu. Wale kumi sikuwakumbuka hata katika maombi. Nikaomba kalamu. Nikaandika mbele ya kila jina, Mkurugenzi akitazama: amefukuzwa, amefukuzwa, mpaka wa mwisho. Siku hiyo ndiyo naiita siku ya kuokoka kwangu. Cheo kilikuwa zawadi tu.

Namshukuru Mungu, nawashukuru akina mama walioomba. Na wewe uliyeandika au kusema uongo juu ya mwenzako, mtumaini Yesu, usiogope kupoteza cheo chako. Njoo hapa mbele, tutaje majina yao. Yote.