Maziwa ya Saa Tatu na Robo

Nianze kwa kuomba radhi, maana kisa hiki nitakiharibu. Nitacheka kabla yenu, nitaruka mahali pa maana, na pale panapohitaji mtaalamu nitatumia mikono, nanyi mnasoma, mikono hamwioni. Lakini wenzangu waliokuwepo wana kazi za kufanya, na mimi kazi yangu inajulikana ni mdomo. Benchi letu limeegemea ukuta wa mashine ya kusaga nafaka: ubao mmoja mrefu juu ya matofali. Ukiona makalio yanatetemeka, jua mashine inasaga; yakitulia, jua mwenye mashine anakuja kubishana. Huyo tunamwita Unga, kwa sababu hata siku ya harusi yake nyusi zilikuwa nyeupe. Anayekaa katikati ni Bomba, fundi wa mabomba ya maji, mtu anayeamini kwamba kila tatizo duniani ni mahali palipoziba. Mwishoni kabisa yuko Mama Birika na jiko lake la mkaa. Kahawa anamimina yeye, maneno anatuachia sisi. Mimi wananiita Spika, na ukiishi mitaa mitatu kutoka pale huna haja ya kuuliza kwa nini.

Jumanne moja, saa tatu asubuhi, nilifika nimeongozana na shemeji yangu, mume wa dada yangu. Ni fundi cherehani, jina la benchini Sindano. Alikuwa anatembea polepole, mkono mmoja umebana kinena kama mtu aliyeficha kitu cha wizi ndani ya suruali. Hakuwa ameficha kitu. Ni ngiri. Miezi minne sasa hawezi kubeba jora la kitambaa, na cherehani anaikanyaga kwa mguu mmoja, ndiyo maana nusu ya wanaume wa mtaa wetu wana suruali ambazo mguu wa kushoto unafika kabla ya wa kulia.

Unga: Sindano, mbona uso umejikunja hivyo, na pasi ziko dukani kwako?

Sindano: Njaa, bwana. Sijatia kitu tumboni tangu jana. Napasuliwa leo saa saba mchana.

Bomba: Hatimaye! Si walikurudisha ile mara ya kwanza?

Sindano: Walinikuta na kikohozi. Nikarudishwa mkiani mwa foleni, nikasubiri tena miezi mitatu. Leo nikikosa sijui kama hiyo cherehani nitaikanyaga tena mwaka huu.

Unga: Hebu nieleweshe. Wanapasua huku chini, chakula kiko kule juu. Chakula kimewakosea nini?

Sindano: Ni dawa ya usingizi. Daktari aliniambia, ukilazwa kwa dawa ile, koo nalo linalala. Kilichomo tumboni kikipanda, hakuna wa kukizuia. Kinaingia mapafuni. Unaweza usiamke.

Bomba: Ala!

Sindano: Kwa hiyo chakula, mwisho jana usiku. Maji matupu ruhusa mpaka saa tano.

Bomba: Maji ruhusa?

Sindano: Maji yanatoka tumboni haraka. Chakula kinakaa, kinasagwa kwanza.

Hapo mtu mwenye akili angenyamaza. Lakini nilikuwa nimeshika kikombe, na Sindano alikuwa anakitazama. Dada yangu angetazamwa hivyo hata mara moja kwa mwaka, wangekuwa na watoto kumi na wawili.

Mimi: Shemeji, kwani kahawa ni chakula?

Sindano: Walisema maji matupu.

Mimi: Jibu swali. Inatafunwa?

Sindano: Haitafunwi.

Mimi: Inamiminika?

Sindano: Inamiminika.

Mimi: Basi ni maji yaliyochelewa kunawa. Mama Birika! Kikombe kikubwa, maziwa nusu, mtu asizimie barabarani.

Mama Birika: Mimi nauza kahawa. Siandikii watu dawa.

Akamimina. Nikaweka sukari mwenyewe, nikakoroga, nikampa. Alikunywa kwa mikupuo mitatu, halafu akaulamba mdomo wa juu kama paka. Saa ya ukutani kwa Unga ilisema saa tatu na robo. Sindano akapata rangi. Nikajiona daktari.

Unga: Sawa. Kahawa ni maji. Na maziwa?

Sindano akaacha kulamba.

Sindano: Maziwa yamefanyaje?

Unga: Nauliza tu. Maziwa ni maji?

Bomba: Kama yanapita kwenye bomba, ni maji. Sikilizeni niwafundishe. Tumbo ni bomba lililovimba katikati. Huku juu unamwaga, kule chini... kule chini mnakujua. Kinachomiminika hakina breki. Anywe lita mbili za maji juu yake, maziwa yote yanasukumwa, tunafunga kazi.

Unga: Bomba gani linasaga nyama? Tumbo ni mashine, bwana. Njoo uone yangu. Punje zinaingia, nyundo zinazipiga, na chini kuna chekeche. Punje nzima haitoki hata ukiipigia magoti. Inazungushwa humo mpaka iwe ndogo kuliko tundu. Maji yenyewe hayana cha kusagwa, yanapita moja kwa moja.

Bomba: Umewahi kumwaga maji kwenye mashine yako?

Unga: Mara moja.

Bomba: Yakapita?

Unga: Nilikaa siku mbili nakwangua ukoko wa unga kwa kisu. Lakini tunazungumzia tumbo hapa!

Mimi: Wote mmekosea. Tumbo lina vyumba viwili. Kushoto chumba cha kula, kulia chumba cha vinywaji.

Unga: Nani kakwambia?

Mimi: Ushahidi huu hapa. Mtu anakula shereheni mpaka hawezi kukunja kidole. Mletee sahani nyingine, anakuona adui. Mletee soda baridi, anaipokea kwa mikono miwili. Inaingia wapi, kama hakuna chumba cha pili?

Ilikuwa hoja nzito, hata mimi ilinishtua.

Sindano: Kwa hiyo maziwa yangu yako kulia.

Mimi: Yako kulia, yanaelekea mlangoni.

Bomba: Yasipokwama. Hewa inaweza kuyazuia. Nimeona nyumba nzima inakosa maji kwa sababu ya hewa kidogo bombani. Dawa yake ni kutikisa. Sindano, simama. Ruka.

Unga: Aruke na ngiri?

Bomba: Kidogo tu, yashuke.

Sindano, mtu mzima, baba wa watoto watatu, akasimama akaruka. Mara moja. Akatua ameinama, mikono yote miwili kinenani, anavuta pumzi kupitia meno.

Sindano: Imetoka.

Bomba: Hewa?

Sindano: Ngiri!

Tukamlaza chali kwenye benchi, akaibonyeza taratibu mpaka ikarudi kwake. Mteja mmoja aliyekuwa na ndoo ya mahindi akaamua atapita baadaye.

Mimi: Nimeelewa tatizo. Ng'ombe ana vyumba vinne tumboni, sivyo? Sasa maziwa yametoka kwa ng'ombe, yamezoea jumba kubwa. Yakiingia kwa Sindano, yanatafuta chumba cha tatu, hayakioni. Yanarudi nyuma kuuliza njia.

Sindano: Spika. Nife kwa sababu maziwa yameuliza njia?

Hapo Mama Birika akaweka birika chini. Katika miaka yote niliyokaa pale sijawahi kuliona birika hilo limekaa chini wakati mkaa unawaka. Akachukua bilauri, akatia maziwa ya moto nusu. Akakata limau.

Mama Birika: Mtu akitapika, koo linawaka. Kwa nini?

Unga: Kuna ukali tumboni. Kama asidi.

Mama Birika: Asidi.

Akakamua limau lote ndani ya maziwa, akakoroga mara mbili, akaacha. Tukainama wote, vichwa vinne juu ya bilauri moja, Sindano akiwa bado amelala anachungulia kwa jicho moja. Mwanzoni hapakuwa na kitu. Halafu maziwa yakaanza kukatika. Yakafanya mapande, mapande yakashikana, chini kukabaki maji ya kijanikijani.

Akachukua chujio lake la kahawa. Akapitisha maji ya kunywa kwanza: yakapita yote, chujio likabaki safi. Akapitisha kahawa nyeusi: ikapita. Akamwaga yale maziwa. Maji yake yakachuruzika, lakini mapande yakabaki juu ya chujio, meupe, yamelundikana.

Mama Birika: Wateja wa chai ya maziwa wakiniomba limau, nawakatalia. Sababu ndiyo hii. Yanaingia ya kunywa, yakikutana na ukali yanakuwa ya kula.

Unga: Chekeche! Nilisema! Si nilisema? Tumbo lina chekeche, na hayo mapande sasa lazima yasagwe, ndipo...

Akamwona Sindano, akakata maneno. Alikuwa ameshinda ubishi, na ushindi wenyewe ulikuwa tumboni mwa mtu.

Sindano aliketi. Akalichukua chujio kutoka kwa Mama Birika, akalitazama kwa karibu jinsi anavyotazama mshono uliofumuka.

Sindano: Haya yako ndani yangu.

Bomba akalitwaa chujio, akalificha nyuma ya jiko.

Bomba: Sikia, ndugu yangu. Nyamaza. Ni kikombe kimoja, na mpaka saa saba kuna muda. Nani atajua?

Sindano: Nikiwaambia, wananirudisha mkiani. Miezi mingine mitatu. Na hii ngiri ipo siku itatoka isirudi ndani, ikwame, walinieleza. Ikikwama ni hatari nyingine.

Bomba: Ndiyo maana nakwambia nyamaza.

Mama Birika: Koo likishalala, litajua ni kikombe kimoja?

Alisema hivyo akiwa anaosha bilauri, bila kututazama. Sindano akanigeukia. Hakunilaumu, na heri angenilaumu. Alinipa tu karatasi ya hospitali, namba ya simu ikiwa chini kabisa.

Sindano: Piga wewe, shemeji. Mimi sauti haitoki.

Nikapiga, nikaweka sauti ya juu, kwa sababu benchi zima lilikuwa limeshanipanda mabegani. Akapokea muuguzi wa wodi ya upasuaji, sauti ya mtu ambaye amekuwa macho tangu wengine tumelala.

Mimi: Dada, habari za kazi. Kwanza niseme kwamba sisi ni watu tunaoheshimu sana masharti. Tatizo limetokea katika mazingira ambayo...

Muuguzi: Amekula nini?

Mimi: Hajala. Amekunywa kahawa.

Muuguzi: Nyeusi?

Mimi: Ilianza ikiwa nyeusi.

Muuguzi: Kaka. Ina maziwa au haina?

Mimi: Ina maziwa.

Muuguzi: Mengi?

Mimi: Nusu kikombe. Kikombe kikubwa.

Muuguzi: Saa ngapi?

Mimi: Saa tatu na robo kamili.

Tukasikia kalamu inaandika.

Muuguzi: Ingekuwa nyeusi tupu ningewaambia njooni kama mlivyopangiwa. Maziwa sisi tunayahesabu pamoja na chakula. Yanahitaji masaa sita. Msikate simu, namuuliza daktari wa usingizi.

Sijui alikaa muda gani. Najua kwamba Bomba hakutaja bomba lolote. Unga alikuwa na gunia la mtu linasubiri, hakuinuka. Sindano alishika mkanda wa suruali yake kwa mikono miwili, midomo inatembea bila sauti. Mimi nilikuwa na vichekesho saba kichwani, vyote vimekaa kimya kama watoto waliovunja dirisha.

Muuguzi: Haloo? Mpo?

Sote: Tupo!

Muuguzi: Daktari anasema atakuwa wa mwisho leo. Badala ya saa saba, saa kumi jioni. Lakini aje saa tano kama alivyopangiwa, akae hapa tunapomwona. Maji matupu mpaka saa nane, baada ya hapo hata hayo basi. Na mmefanya vizuri kusema. Watu huwa wananyamaza.

Bomba akaangalia angani. Sindano akashusha pumzi ndefu, akajiachia kwenye benchi polepole kama mtu anayeshusha trei la mayai.

Sindano: Leo leo?

Mimi: Leo leo, shemeji. Saa kumi.

Akanikumbatia kwa mkono mmoja, wa pili ukiwa kazini. Unga akanipiga mgongoni mpaka vumbi jeupe likatanda. Bomba akasema siku zote alijua mimi ni mtu wa kutegemewa. Nami nikavimba. Nikaanza kueleza jinsi nilivyoongea na yule dada kwa utulivu, jinsi jambo kama hili linavyohitaji mtu mwenye kichwa, na kwamba ndugu ndiyo kazi yake. Nilikuwa nimeshasimama kwa ajili ya hotuba yenyewe.

Muuguzi: Kaka, bado nipo.

Mimi: Karibu, dada.

Muuguzi: Kuna sehemu moja ya kujaza kwenye faili. Naona jana mtu alisaini hapa kwamba atakaa na mgonjwa tangu alfajiri, ahakikishe haingizi kitu mdomoni zaidi ya maji matupu. Ameandika yeye ni shemeji yake. Sasa huyo shemeji alikuwa wapi wakati mgonjwa anapewa maziwa?

Bomba akaanza kukagua spana yake. Unga akakumbuka kwamba ana gunia la mtu. Sindano, ambaye jana alisimama kando yangu nikitia saini ile kwa madaha na mkia mrefu chini yake, akafumba macho. Mama Birika peke yake ndiye aliyeendelea kunitazama.

Mimi: Alikuwepo, dada. Yeye ndiye aliyekuwa anakoroga.