Levis Owino, Mtu Mbaya wa Runinga, Mkwe wa Keringet

Marehemu Levis Owino alizaliwa tarehe 14 Machi 1958 katika nyumba za reli, Nakuru, kwa Mzee Micah Owino, fundi wa mabehewa, na Mama Adongo, ambao walimtangulia.

Alisoma papa hapa mjini hadi kidato cha nne, mwaka 1976. Katika mchezo wa shule aliomba kuwa mfalme. Mwalimu akamtazama zile nyusi zake nzito, akampa kazi ya mnyongaji.

Aliajiriwa katika kiwanda cha blanketi, na kuanzia 1981 akaigiza pia kwenye runinga. Hakuwahi kuwa nyota. Alikuwa mwizi, mlevi, chifu mla rushwa, baba wa kambo. Wanasema mstahimilivu hula mbivu. Yake ilibaki mbichi, naye akaila akicheka. Nyumbani hakuweza kuchinja hata kuku. Kila Krismasi jirani, Njuguna, ndiye aliyeitwa kuchinja.

Mwaka 1986 alikwenda Keringet na wazee kumposa Winrose Chepchirchir, muuguzi. Mama wa msichana, Rael Jepleting, alipomwona mlangoni aliweka birika chini.

“Huyu si ni yule alichapa bibi yake kwa TV Jumapili?”

“Mama, hiyo ni kazi tu,” Levis akajibu.

“Kazi ya kuchapa watu? Mimi sipeani msichana.”

Baba ndiye aliyekubali, na harusi ikafungwa Desemba 1987. Mama Rael hakusadiki. Miaka nenda miaka rudi alishuka Nakuru na viazi, kumbe macho yanakagua shingo na mikono ya binti yake. Levis alijua, na ilimuuma sana, lakini alimpokea kwa heshima kila mara.

Mwaka 2023 figo zilianza kumsumbua. Maji yalipozidi unga, Mama Rael alishuka tena. Alimkuta Levis, hoi vile, akimsihi Winrose aende akalale kidogo. Mama Rael akaingia jikoni, akalia. Kisha akakoroga uji, akamnywesha Levis kwa mkono wake mwenyewe, jambo lisilo la kawaida kati ya wakwe.

“Mama, usiogope, ile kazi ya kuchapa nilistaafu.”

“Nyamaza, kunywa.”

Alifariki nyumbani tarehe 9 Mei 2025, Winrose akiwa amemshika mkono.

Ameacha mjane, Winrose; watoto, Trizah na Micah; na wajukuu watano. Hapa tulikuwa tumeandika pia “mama mkwe, Rael Jepleting.” Alisomewa, akakataa.

“Toa hilo neno mkwe. Ni mtoto wangu amekufa.”

Basi ameacha mama, Rael Jepleting wa Keringet. Bwana ampumzishe kwa amani.