Mektilda, Aliyelijua Wingu la Fuawe

Marehemu Mektilda Milembe ng'wana Mashimba alizaliwa tarehe 9 Aprili 1928 huko Sapiwi, mtoto wa nne wa mzee Mashimba, mhunzi wa majembe, na akiwa bado binti mdogo, akimsaidia baba yake kuvukuta moto, aliliona kwa mara ya kwanza lile wingu refu lenye kichwa bapa kama fuawe, kile chuma ambacho baba yake alifulia majembe juu yake, akafundishwa kwamba kichwa hicho kikishatanda, radi na mvua ya mawe haviko mbali.

Alisoma shule ya misheni hadi darasa la nne, mwaka 1940, akaishia hapo kwa sababu mama yake aliugua na jiko halikuwa na mtu.

Tarehe 16 Juni 1947 alifunga ndoa na Januarius, mkulima wa Nkololo, wakajaliwa watoto watatu, wawili wakachukuliwa na surua ndani ya wiki moja, akabaki Constantine, ambaye sasa anaishi Nyashimo, na tarehe 2 Oktoba 1966 Januarius naye akafariki.

Novemba 1968 aliajiriwa kutunza kipimo cha mvua cha shamba la majaribio ya pamba, kazi aliyoifanya kila siku saa tatu asubuhi, Krismasi ikiwemo, na mwaka 1974 alihamia pamoja na wenzake kwenye nyumba za mstari za kijiji cha ujamaa, akifurahi sana kwamba hatimaye atakuwa na majirani.

Furaha hiyo haikufika mbali, kwa kuwa tarehe 6 Februari 1975, wanakijiji wakipalilia shamba la pamoja, aliliona wingu la fuawe, akawasihi waondoke, wakamcheka, na kabla ya saa moja kupita radi ikamuua jirani yake, Marcelo Maganga, ndipo waliobaki wakasema kwamba aliyejua radi inakuja ndiye aliyeituma, na tangu siku hiyo hakuna aliyeteka naye maji wala kupiga hodi mlangoni kwake. Constantine alimwomba ahamie Nyashimo, akakataa, akisema kazi yake iko hapa, ingawa ukweli ni kwamba alikuwa akingoja wamrudie.

Tarehe 14 Machi mwaka huu, 1979, aliliona tena wingu hilo juu ya shamba la shule, na akijua wazi kwamba radi ikipiga, jina lake ndilo litakalotajwa, alikwenda mbio akamweleza Mwalimu Joakim, ambaye aliwaingiza darasani wanafunzi wote sitini na mmoja, na muda si mrefu radi ikapasua mti waliokuwa wamekaa chini yake. Marehemu hakuingia, maana watoto walilia walipomwona, akarudi kwake peke yake katika mvua ya mawe, akashikwa na homa ya mapafu, akafariki tarehe 21 Machi.

Familia inamshukuru mganga wa zahanati, Mwalimu Joakim aliyempakia kwenye baiskeli yake, na watumishi wenzake wa pamba, na majirani pia inawashukuru kwa kuja kwa wingi, ila haitaficha kwamba wingi huu umetutoa machozi, kwani kwa miaka minne marehemu alipika chai ya watu wawili, akainywa yote mwenyewe.

Pumzika kwa amani, ng'wana Mashimba, leo uani kwako hakuna pa kukanyaga.