Sauti ya Mama wa Kambo

Ndani ya treni, mbele yangu, mtayarishaji wa filamu alimtambua mama mmoja mtu mzima kwa sauti tu. "Shikamoo, mama. Si wewe uliyekuwa mama wa kambo kwenye mchezo wa redio? Tulikuchukia sana!" Alisema kama anayempa maua. "Natengeneza filamu ya mambo ya zamani. Watu wamekukumbuka mno."

"Marahaba, baba. Binti yangu alipigwa shuleni kwa sababu ya sauti hii. Akahamia kwa shangazi yake. Mpaka leo nikimpigia simu, akinisikia tu anakata."

"Pole, mama. Lakini ungecheka kile kicheko cha mama wa kambo, mara moja tu..." Akamsogezea kinasa sauti.

Treni ikasimama. Mtayarishaji bado alikuwa amemshikia kinasa sauti mdomoni, na mama alikuwa analia kimyakimya.