Domitila Amnaay: Kalamu ya Karatu Kwenye Televisheni za Ulaya

Tarehe 30 Juni 1988 Ndugu Domitila Amnaay anastaafu, baada ya miaka kumi na saba ya kuandika miswada ya filamu za televisheni kwa Kifaransa katika ofisi yetu ya filamu hapa Karatu. Ameandika thelathini na moja. Zote zimeonyeshwa Uswisi na Ubelgiji. Huku kwetu, ambako televisheni hakuna, majirani zake wengi bado wanaamini anafanya kazi posta, kwa jinsi anavyobeba bahasha.

Alizaliwa Oldeani mwaka 1933, binti wa mchuma kahawa. Kifaransa alikipata nyumbani kwa meneja Mswisi wa shamba, alikoajiriwa kulea watoto: wao wakifundishwa kusoma, naye anasoma. Baadaye akawa mwalimu wa shule ya msingi. Mwaka 1971 wapiga filamu kutoka Ulaya walifika Ngorongoro wakitafuta mkalimani, wakaletewa yeye. Siku ya tatu akawaambia kwamba maelezo waliyoandika hayafanani na waliyosema wenyeji. Wakampa kalamu kwa mzaha. Hakuirudisha.

Taipureta yetu haikuwa na alama zinazowekwa juu ya herufi za Kifaransa, hivyo alizitia zote kwa mkono, herufi baada ya herufi. Siku moja gari lilinasa topeni njia ya Oldeani. Sisi tunasukuma, yeye anaandika kando ya barabara. Tulipolalamika akasema, "Ninyi sukumeni. Mimi nina tembo hapa sijamvusha mto."

Mwaka 1976, wakati wa ukame, ilikuja barua kutoka Ulaya. Mhariri wa televisheni huko alitaka filamu ya Olbalbal, bonde la wafugaji kule Ngorongoro, iseme kwamba wafugaji ndio waliomaliza majani. La sivyo, mkataba ungekatwa. Ofisi nzima, watu tisa, tuliishi kwa mkataba huo. Nikamwambia, "Mama, tutafungiwa."

"Basi nitarudi kufundisha," akajibu. "Wewe kulima unajua?"

Hakumjibu mhariri. Alinichukua mimi na kinasa sauti changu, pamoja na mpiga picha, tukashuka Olbalbal, tukatembea siku mbili na mama mfugaji, Naisula Metui, aliyekuwa akipeleka ng'ombe majini. Naisula alitueleza wanahama lini, na malisho gani hawayagusi mpaka mvua inyeshe. Ng'ombe wake mmoja, Nareyu, alipoanguka na kushindwa kuinuka, Naisula aliketi kando yake mpaka mwisho. "Andika kwamba nilimngoja," akamwambia Domitila. "Wenzake wameshatangulia, mimi nilimngoja."

Domitila aliandika hivyo hivyo, akatuma.

Wiki sita kimya. Kisha ikaja simu ya maandishi: filamu imeonyeshwa bila kubadilishwa hata neno, barua za watazamaji zinamiminika, itarudiwa. Mwaka uliofuata ilipata tuzo ya kwanza kati ya filamu sitini na nne, na mkataba wetu ukaongezwa miaka kumi. Siku hiyo ofisi haikufanya kazi tena, na mbuzi wawili walijuta kuzaliwa Karatu.

Mwaka 1978 tuliipeleka filamu Olbalbal kwenyewe. Tuliionyesha mchana darasani, madirisha tumeyaziba kwa mablanketi, jenereta ikinguruma nje. Watu waliwatambua ng'ombe kabla ya kujitambua wenyewe. Nareyu alipotokea, darasa zima lilimwita kwa jina. Naisula akaomba turudishe hapo. Tulirudisha mara nne, na Domitila, ambaye hatukuwahi kumwona akitoa chozi, alilia mbele ya watu wote bila kujificha.

Anatuachia waandishi wawili aliowafundisha mwenyewe, Benedicta na Saning'o, ambao majina yao tayari yamo kwenye filamu tatu. Kwa hilo, na kwa kutufanya tutembee vifua mbele, tunamshukuru kwa moyo wote.

Mama Domitila, nenda ukapumzike. Kahawa yako izae, magoti yasikuume, wajukuu wakuchoshe kwa raha. Ishi vizuri, na uishi sana.

Inosenti Gwandu, fundi sauti