Nilivyompelekea Mama Mkwe Mtori

Amani iwe mioyoni mwenu, ndugu zangu. Mimi ni Mama Eliza wa Shirimatunda. Nimesimama kueleza jinsi nilivyofunguliwa kutoka kwenye chuki.

Kiwanda alichofanyia kazi mume wangu kiliuzwa, naye akapunguzwa. Akaenda machimboni Mererani, akarudi mgonjwa, akafia mikononi mwangu. Baada ya matanga, mama yake alinifukuza kwenye kihamba, shamba la migomba la ukoo kule Kibosho. "Wewe ndiye uliyemuua mwanangu," alisema mbele ya watu. Niliondoka na binti yangu na godoro. Miaka mitatu, ndugu zangu, kila nilipopiga magoti nilimwomba Mungu yule mama afe.

Mjini nilipata kazi ya kumpikia mtawa mzee wa Kibudha kutoka Sri Lanka, aliyekuwa akiishi kwa mpwa wake. Siku moja alinikuta namenya ndizi huku nalia. Akaketi sakafuni, akanifundisha kutulia, kufuata pumzi yangu, na kutakia watu mema: kwanza mimi, kisha mwanangu, kisha adui yangu. Kila ilipofika zamu ya kumtakia mema mama mkwe, niliinuka nikarudi kumenya ndizi. Ikawa hivyo kwa miezi mingi.

Mzee alipokuwa anarudi kwao nilimuuliza, "Na mimi nivae nguo kama yako?"

"Hapana, mama. Kaa na watu wako, kwa lugha yako. Njia yenu mtaiona wenyewe."

Baadaye nikasikia mama mkwe amepooza upande mmoja, na wanawe wote wako Dar. Nikapika mtori wa ndizi na nyama, nikapanda nao Kibosho.

"Shikamoo, mama."

Alinitazama. "Umekuja kuniona nikifa?"

"Nimekuja kukulisha."

Alikula vijiko vitatu, kisha akanishika kwa ule mkono wake mzima. Tulilia sote wawili. Ndugu zangu, siku hiyo nilifunguliwa.

Kikundi chetu hiki cha kukaa kimya pamoja kilianzia kando ya kitanda chake: yeye na rozari yake, mimi, na mjane mmoja jirani yake. Tuliitwa wachawi. Lakini watu walikuja, na sharti letu likawa moja, ambalo hata mzee hakunipa: kabla hujakaa kimya nasi, mpelekee chakula mtu msiyesalimiana naye.

Mama mkwe alifariki mwaka jana, kichwa chake mapajani mwangu, akiniita mwanangu. Nashukuru kwa hilo kuliko kwa lolote. Na wewe uliyekaa hapo ukimfikiria mtu fulani, usiogope. Pika. Nitakusindikiza mpaka mlangoni kwake.